Historia ya Vipande: Jinsi Maandishi ya Kusakinisha Programu Yalivyogawanywa Yakashirikiwa

Siku ya 6 Mei 1949, mashine ya kukokotoa iliyoitwa EDSAC ilipofanya kazi yake ya kwanza katika Maabara ya Hisabati ya Chuo Kikuu cha Cambridge, Uingereza, wale waliokabidhiwa kuiandikia amri walikuwa wachache, na taabu yao haikuwa uhaba wa akili bali wingi wa kazi zilizorudiwa. Mashine ile haikuwa na amri ya kugawanya. Aliyetaka kugawanya nambari moja kwa nyingine alipaswa kuitungia njia ya kugawanya, na aliyetaka kipeuo cha pili kadhalika, na aliyetaka jawabu lake lichapwe karatasini kadhalika. Ikawa dhahiri kwamba kila mmoja angekesha akitunga jambo ambalo jirani yake alikwisha kulitunga, tena pengine kwa usahihi zaidi. Maurice Wilkes, aliyekuwa mkuu wa maabara, pamoja na David Wheeler na Stanley Gill, waliona kwamba dawa ya maradhi hayo ni maktaba. Nayo haikuwa maktaba ya vitabu, bali ya tepe za karatasi zilizotobolewa matundu, zikahifadhiwa kabatini kwa taratibu, kila utepe umebeba kazi moja inayojulikana. Mwenye haja alikwenda kabatini, akautwaa utepe, akaunakili ndani ya utepe wake mwenyewe, kisha akaurudisha mahali pake kwa ajili ya mwingine. Kufikia mwaka 1951 kabati lile lilikuwa na vipande 87 vya kutumiwa na wote, na mwaka huo huo mabwana hao watatu walitoa kitabu cha namna ya kutunga programu, ambacho aghalabu huhesabiwa kuwa cha kwanza cha elimu hiyo.

Walakini kushirikiana vipande kulikuwa na sharti lake. Kila amri ya mashine ilitaja mahali pa kumbukumbu kwa nambari, na kipande kilichoandikwa kikidhani kwamba kitakaa mahali fulani kiliharibika kabisa kilipowekwa pengine. Wheeler alizitunga upya amri za mwanzo, zile ambazo mashine ilizisoma kabla ya neno jingine lolote, hata zikawa na uwezo wa kuzirekebisha nambari za mahali kwa kadiri kipande kilivyoingizwa; tangu hapo mwandishi wa kipande akawa huru kuandika kazi yake bila ya kujua itakaa wapi. Nimeianza historia hii huko mbali kwa kusudi, maana kila aliyekuja baadaye kupanga vipande vya maandishi alikutana na kaida hiyo hiyo, na wengi waliokutana nayo bila ya kuifahamu waliadhibiwa nayo.

Miaka ishirini iliyofuata naipitia kwa haraka. Mnamo Oktoba 1968, katika mkutano ulioitishwa na NATO mjini Garmisch, Ujerumani Magharibi, Douglas McIlroy wa Bell Labs alisimama akalalamika kwamba ufundi wa programu ulikuwa umekosa kitu ambacho viwanda vingine vilikuwa nacho tangu zamani, yaani sehemu zilizotengenezwa tayari kwa vipimo vinavyojulikana, ambazo mjenzi huziagiza badala ya kuzichonga mwenyewe. Miaka mitatu baadaye, mwaka 1971, mfumo wa Unix uliotungwa katika maabara hizo hizo ulikuwa na zana ndogo iitwayo ar, ambayo kazi yake ni kukusanya mafaili mengi ya msimbo katika faili moja la maktaba. Kiunganishi, yaani programu inayofunga vipande vya msimbo kuwa kitu kimoja, kilipoifikia maktaba hiyo hakikuibeba yote. Kilitazama ni majina gani yaliyotajwa na bado hayajapatikana, kikamtoa mwanachama yule tu mwenye jina linalotafutwa, na kama naye alitaja majina mengine, kikaendelea kuyatafuta hayo pia. Ila mwanachama aliyechukuliwa alichukuliwa mzima. Aliyehitaji kazi moja kati ya kumi zilizoandikwa katika faili moja alizibeba zote kumi, apende asipende. Ndiyo maana watungaji waangalifu wa maktaba walijizoeza kuandika kazi moja katika faili moja. Msomaji na aishike habari hiyo, kwani tutaikuta tena baada ya robo karne, imevaa nguo nyingine.

Nguo hiyo ni kazi ya kusakinisha programu katika kompyuta za watu. Kwa muda mrefu kazi hiyo ilidharauliwa na wajuzi wenyewe. Ilihesabiwa kuwa jambo la mwisho, la kufanywa wiki ya mwisho, na mtu wa mwisho, baada ya programu yenyewe kukamilika. Katika kompyuta za Windows za miaka ya 1990 kila kampuni ilikuja na programu yake ya kusakinishia, iliyoyanakili mafaili kadiri ilivyoona vema, ikiandika juu ya mafaili ya wengine katika folda ya mfumo bila ya idhini ya mtu. Faili moja la maktaba lililotumiwa na programu tano liliweza kubadilishwa na ya sita kwa toleo la zamani zaidi, na zile tano zikafa siku moja, mwenye kompyuta asijue nani aliyeziua. Na siku ya kuiondoa programu ilikuwa ama mabaki yameachwa kila pembe, ama kimeng'olewa kitu ambacho wengine walikuwa bado wakikitegemea.

Mwaka 1999, pamoja na Office 2000, Microsoft ilitoa mfumo ulioitwa Windows Installer, na mwaka 2000 mfumo huo ukawa sehemu ya Windows 2000 yenyewe. Fikra yake ilikuwa kubwa, na naamini haijapewa sifa inayostahili. Badala ya kuandika hatua za kufanywa, moja baada ya moja, mtengenezaji aliandika hali inayotakiwa: majedwali yanayohusiana, moja la mafaili, moja la folda, moja la maandishi ya rejista, moja la vipengele ambavyo mtumiaji huweza kuvichagua, yote yamefungwa katika faili moja la msi, na mfumo wenyewe ukachukua dhamana ya kuifikia hali hiyo, na ya kurudi ulikotoka iwapo kazi itakatika njiani. Kiini cha yote kilikuwa kijenzi. Kijenzi ni kifungu cha vitu vinavyoingia pamoja na kutoka pamoja, na kila kimoja hupewa nambari yake ya utambulisho yenye biti 128, isiyotakiwa kufanana na nyingine duniani. Mfumo huhesabu ni bidhaa ngapi zinazokitaja kijenzi chenye nambari fulani, na haukiondoi mpaka bidhaa ya mwisho iondoke. Kutokana na hesabu hiyo zikazaliwa kanuni kali: faili moja lililokusudiwa kukaa mahali pamoja lisiwe katika vijenzi viwili vyenye nambari mbali mbali, na nambari moja isipewe vitu viwili vilivyo tofauti. Anayezivunja haoni kitu siku ya kwanza. Huona siku ya kuboresha au ya kuondoa, na siku hiyo bidhaa iko mikononi mwa watu.

Sasa fikiri hali ya kampuni yenye bidhaa kumi zinazotumia vitu vile vile ishirini. Je, kila bidhaa iandike upya vijenzi hivyo, na kuzinakili nambari zake kwa mkono, kwa hatari ya kukosea tarakimu moja kati ya 32? Jawabu la kwanza la Microsoft lilikuwa moduli za kuunganisha, mafaili ya msm. Moduli ilikuwa hifadhidata ndogo iliyokwisha kujengwa, na mafaili yake yamefungwa ndani; mwenye kifurushi aliimimina katika hifadhidata yake wakati wa kujenga, na ili majina yasigongane, kila jina la moduli liliongezewa mkia mrefu uliotokana na nambari ya utambulisho ya moduli yenyewe. Kwa mbali jambo hilo lilifanana na utepe wa Cambridge, lakini tofauti ilikuwa kubwa. Utepe ulikuwa na amri ambazo mtu aliweza kuzisoma na kuzifuata. Moduli ilikuwa sanduku lililofungwa. Mwenye kifurushi hakuweza kuomba kitu kimoja kutoka ndani yake na kuviacha vingine, wala kubadilisha folda isipokuwa kwa njia ambazo mtungaji wa moduli alizikumbuka mapema. Na yale majina yenye mikia, yalipokuja kuonekana katika kumbukumbu za makosa, yalimchosha hata mzoefu.

Kasoro kubwa zaidi ilikuwa ya wakati. Moduli ikishamiminwa imekwisha kuwa sehemu ya kila bidhaa iliyoipokea, na ikigunduliwa kuwa na upenyo wa usalama, hakuna wa kuirekebisha ila wenye bidhaa hizo wote, mmoja mmoja, kwa kujenga upya na kutoa upya. Kwamba nakala zilizotawanyika ni hatari si jambo la kubuni: mnamo Septemba 2004 Microsoft ilitangaza, kwa tangazo la usalama namba MS04-028, udhaifu katika gdiplus.dll, maktaba ya kuchora picha ambayo bidhaa nyingi zilikuwa zimeibeba ndani ya folda zao wenyewe, hata haikutosha kuirekebisha Windows peke yake. Kosa hilo halikuwa la moduli za kuunganisha pekee, lakini linaonyesha gharama ya kugawa vitu vilivyofungwa kwa watu ambao mgawaji hawajui. Baadaye Microsoft yenyewe iliacha kupendekeza moduli hata kwa maktaba zake za Visual C++, na katika maelezo ya Visual Studio 2019 ikazihesabu kuwa njia ya kuachwa.

Wakati moduli hizo zilipokuwa zikienea, mhandisi wa Microsoft aitwaye Rob Mensching alikuwa akiitazama kazi ile kwa jicho jingine. Aliona kwamba hifadhidata ya msi, kwa kuwa ilihaririwa moja kwa moja kwa zana za madirisha, haikuweza kuwekwa katika hazina ya msimbo pamoja na programu, ikalinganishwa jana na leo, wala wahandisi wawili hawakuweza kuifanyia kazi pamoja bila ya kufutiana. Akaamua kwamba usakinishaji uandikwe kama programu inavyoandikwa, kwa maandishi ya kawaida yanayosomeka, ukakusanywe na kompaila, ukafungwe na kiunganishi. Maandishi aliyoyachagua ni ya XML, kanuni iliyothibitishwa mwaka 1998, na mkusanyo wa zana zake ukaitwa WiX. Zana zenyewe zilipewa majina yanayotokana na mshumaa na nuru: candle iliyasoma maandishi ya wxs na kutoa mafaili ya kati, light iliyaunganisha kuwa msi, lit iliyakusanya kuwa maktaba, na dark iliivunja msi iliyokwisha kujengwa na kuirudisha kuwa maandishi. Zana hizo zilitumiwa kwanza ndani ya kampuni. Kisha tarehe 5 Aprili 2004 zikawekwa hadharani katika tovuti ya SourceForge chini ya leseni ya Common Public License, na huo ukawa mradi wa kwanza wa Microsoft kutolewa kwa leseni ya chanzo huria iliyotambuliwa. Tukio hilo limesimuliwa mara nyingi kwa ajili ya leseni, lakini mimi naona kwamba kwa wajenzi wa vifurushi jambo zito zaidi lilikuwa ndani ya zana zenyewe, katika elementi moja yenye jina la Fragment, yaani kipande.

Kipande hicho ni kifungu cha maandishi kisichokuwa bidhaa wala moduli. Huweza kubeba kijenzi, au kundi la vijenzi, au folda, au sifa, au kitendo cha ziada, au madirisha ya kumwuliza mtumiaji maswali. Peke yake hakijengi kitu. Kiunganishi huanza katika bidhaa, ambayo ndiyo mlango, huyasoma marejeo yote yaliyotajwa humo, hutafuta ni kipande gani chenye jina lililorejewa, hukichukua, huyasoma na marejeo ya hicho nacho, na kuendelea hivyo mpaka hakuna jina lililobaki bila ya mwenyewe. Kipande ambacho hakuna aliyekirejea huachwa nje, hata kama kiliandikwa katika faili lile lile lililobeba bidhaa. Jina likitajwa na mwenyewe asipatikane, zana husema hivyo wazi na kukataa kuendelea, kwa kosa ambalo wajenzi wa WiX wa toleo la 3 walilizoea kwa namba LGHT0094. Na likipatikana lina wenyewe wawili, hukataa vile vile, kwa LGHT0091. Ni mwenendo wa kiunganishi cha Unix cha mwaka 1971, umehamishiwa kutoka kazi za msimbo hadi folda na mafaili na rejista. Na kama ilivyokuwa kule, kipande kinachochukuliwa huchukuliwa kizima.

Hapa ndipo mambo yalipowakwaza watu. Wengi walioingia WiX walitoka katika desturi ya kuandika kila kitu mahali pamoja, na walipoambiwa wagawanye, waligawanya kwa mafaili bila ya kugawanya kwa vipande. Wakaandika faili moja la mambo ya pamoja, na ndani yake kipande kimoja kilichobeba folda zote za kampuni, sifa zote, vitendo vyote vya ziada, na ukaguzi wa toleo la Windows. Bidhaa ya kwanza ilihitaji vyote, basi ikajengwa salama. Bidhaa ya pili ilirejea sifa moja tu kutoka humo, na mwenye nayo akawa kama mtu anayevuta uzi mmoja wa jarife akaona jarife zima linamfuata: vitendo visivyomhusu vikaanza kufanya kazi katika mashine za wateja wake, na folda tupu zikatokea mahali asipopataja. Hakuna zana iliyomwonya, kwa sababu kwa kanuni ya kiunganishi hakuna kosa lililofanyika. Alirejea jina, akapewa kipande.

Wengine waliikimbia hatari hiyo wakaangukia katika mafaili ya kujumuisha, yale ya wxi, ambayo huingizwa maneno kwa maneno mahali yanapotajwa kabla ya kompaila kuanza kusoma. Mafaili hayo yana faida yao, hasa kwa kutangaza nambari ya toleo na jina la kampuni yatumiwe kila mahali. Lakini yalipotumiwa kubeba vijenzi, vijenzi vile vile viliingizwa mara mbili katika mradi mmoja na majina yakagongana. Au mbaya zaidi, maneno yale yale yalikuwa na maana mbali mbali kulingana na vigeu vilivyotangazwa juu yake, hata mtu hakuweza kukisoma kijenzi na kujua ni kipi. Kujumuisha ni kunakili. Kurejea ni kutaja kitu kimoja chenye jina moja na mahali pamoja. Na katika mfumo ambao nambari za utambulisho ndizo zinazoamua nini kifutwe na nini kibaki, tofauti hiyo si ndogo hata kidogo.

Mpango ulioshinda kwa wajenzi wazoefu uliegemea maswali mawili: vitu vipi huingia na kutoka pamoja, na nani anayevihitaji. Folda huwekwa katika kipande chake pekee, ili kila mwenye kijenzi airejee folda kwa jina bila ya kuuchukua mti mzima wa mtu mwingine. Vijenzi vya kazi moja huwekwa katika kundi moja lenye jina, na bidhaa hulirejea kundi, si kijenzi kimoja kimoja, ili siku kijenzi kinapoongezwa kundini bidhaa zote zikipate bila ya kuguswa. Kila kitendo cha ziada hukaa pamoja na sifa zake na nafasi yake katika mfuatano wa hatua, peke yake, kwa kuwa hicho ndicho kitu chenye madhara kikivutwa bure. Na vipengele, yaani vile anavyovichagua mtumiaji, havikai katika vipande vya pamoja. Huachiwa bidhaa, kwa sababu ni bidhaa ndiyo ijuayo inamwahidi mtumiaji nini.

Mfano ulio bora wa mpango huo ulitoka kwa watungaji wa WiX wenyewe, katika madirisha ya WixUI. Katika toleo la 2 kila seti ya madirisha ilikuwa maktaba yake, na mjenzi alichagua faili. Katika toleo la 3, lililotoka mwaka 2009, seti zote ziliwekwa katika kiendelezi kimoja, na mjenzi akaandika rejeo moja tu, WixUI_Mondo au WixUI_InstallDir au WixUI_Minimal, kiunganishi kikayachukua madirisha yanayohusika na kuyaacha mengine. Hekima iliyomo imo katika mahali ulipopitishwa mkato. Dirisha la leseni limeandikwa katika kipande chake, bila ya kujua ni dirisha gani litakalolifuata. Habari ya kwamba kitufe cha kuendelea kinapeleka wapi imewekwa katika kipande cha seti, ambacho ndicho kinachojua mfuatano. Kwa hiyo dirisha moja hutumiwa na seti kadhaa zenye mfuatano tofauti. Ni kaida ya Wheeler ile ile: kipande kisijue kitakaa wapi.

Kaida hiyo hata hivyo ilikuwa bado na deni moja lisilolipwa, na deni hilo lilihusu nambari za utambulisho. Kipande chenye kijenzi kilichopewa nambari kwa mkono, kikirejewa na bidhaa mbili zinazosakinishwa katika folda mbili mbali mbali, hutoa nambari moja kwa mafaili mawili yaliyo mahali tofauti, nayo ni kuivunja kanuni ya vijenzi kwa mkono wa mtu aliyedhani anaitii. Watu waliotii ushauri wa kushirikiana vipande walipata makosa ambayo jirani zao waliokuwa wakinakili hawakuyapata. Na sishangai kwamba baadhi yao waliapa kutorudia. Mfululizo wa toleo la 3 ulilipa deni hilo kwa kumruhusu mwandishi aweke alama ya nyota mahali pa nambari. Zana hukokotoa nambari yenyewe kutoka katika njia ya folda na jina la faili lililo ufunguo wa kijenzi, hivi kwamba faili likikaa mahali pamoja nambari ni ile ile katika kila ujenzi, na likikaa pengine nambari ni nyingine. Kwa maoni yangu hakuna badiliko katika historia yote ya WiX lililowapa vipande uhuru zaidi ya hilo, ingawa katika orodha za mapya lilionekana kama urahisi mdogo wa kuandika.

Ukabaki mzigo wa vitu vya wageni, mfano wa maktaba za Visual C++ au mfumo wa .NET, ambavyo si mali ya mjenzi na vinahitaji masasisho ya aliyevitunga. Hivyo havifai kuwa vipande, kwa sababu kipande nacho, kama moduli, huyeyuka ndani ya kifurushi wakati wa kujenga. Toleo la 3.6 la mwaka 2012 lilileta Burn, injini inayofunga vifurushi vingi kamili katika robota moja na kuvisakinisha kwa mfuatano, kila kimoja kikibaki na utambulisho wake na haki yake ya kusasishwa na aliyekitunga. Tangu hapo mpaka ukawa wazi: kilicho chako na unachokijenga upya kila mara, kishiriki kwa kipande; kilicho cha mwingine, kifunge katika robota bila ya kukifungua.

Mradi mmoja ulio wazi kwa kila mtu unaonyesha mambo haya yote mahali pamoja, nao ni lugha ya Python. Tangu toleo la 2.4 la mwaka 2004 Python ya Windows ilitolewa kama msi moja kubwa, iliyojengwa na hati iliyoandikwa kwa Python yenyewe. Toleo la 3.5, lililotoka Septemba 2015, lilivunja desturi hiyo. Usakinishaji uliandikwa upya kwa WiX, ukagawanywa katika vifurushi vidogo, kimoja cha kiini, kimoja cha maktaba ya kawaida, kimoja cha nyaraka, kimoja cha Tcl na Tk, kimoja cha majaribio, na vinginevyo, vyote vikafungwa katika robota la Burn. Na maandishi yale yale hutoa vifurushi vya kompyuta za biti 32 na za biti 64, na baadaye vya ARM64 pia. Kila kifurushi ni folda yake ndani ya Tools/msi, yenye faili fupi la bidhaa na jingine la kundi la vijenzi, na yanayowahusu wote yamewekwa katika common.wxs.

Lipo katika faili hilo jambo dogo ambalo mwanafunzi hulipita bila ya kuliona. Jedwali la kuboresha, lile linalotambua matoleo ya zamani ili yaondolewe, halina jina ambalo bidhaa inaweza kulirejea. Watungaji wakaweka katika kipande kinachobeba jedwali hilo sifa moja iitwayo UpgradeTable, ambayo thamani yake si kitu. Kazi yake ni kuwa na jina. Bidhaa huirejea sifa, kiunganishi huja kuichukua, na jedwali huja pamoja nayo. Kanuni ile ile iliyowaponza wenye vipande vikubwa, kwamba kinachochukuliwa huchukuliwa kizima, hapa imetumikishwa kwa makusudi, katika kipande kilichokatwa kwa udogo unaofaa.

Yaliyofuata katika maisha ya WiX yanatosha kutajwa. Mwaka 2012 mradi ulikabidhiwa kwa Outercurve Foundation, na mwaka 2016 ukaingia chini ya .NET Foundation. Toleo la 4, lililotoka Aprili 2023, lilizikusanya candle na light na lit katika amri moja iitwayo wix. Toleo la 5 la mwaka 2024 lilimwezesha mwandishi kutaja mafaili ya folda nzima kwa mstari mmoja, kazi ambayo zamani iliachiwa zana ya kuvuna iliyozalisha vipande virefu visivyosomwa na mtu. Kanuni ya kipande na rejeo haikuguswa.

Nawe msomaji unayejenga vifurushi, ikiwa umerithi faili la mambo ya pamoja kutoka kwa waliokutangulia, lifungue kabla ya toleo lako lijalo, utazame kila kipande kinarejewa na nani, na anayekirejea anabebeshwa nini asichokiomba. Palipo na kitendo cha ziada kilichokaa pamoja na sifa zisizokihusu, kitenge; palipo na nambari iliyoandikwa kwa mkono katika kijenzi ambacho bado hakijatolewa kwa wateja, weka nyota; na iliyokwisha kutolewa, iache kama ilivyo, kwa kuwa imo tayari katika hesabu za mashine za watu.